Uzi: Mkopo wa nyumba wa milioni tano hugharimu kiasi gani hadi shilingi ya mwisho?

#1. Mhasibu wa Kiamunyi (Nakuru)

Wanajukwaa, nawasalimu. Mtu akiingia katika benki yoyote hapa Nakuru na kuuliza habari za mkopo wa nyumba, jambo la kwanza atakaloambiwa ni kiasi atakachokatwa kila mwezi, na la pili ni kwamba mshahara wake unakihimili kiasi hicho. Huenda yote mawili ni kweli. Hata hivyo, hayamwelezi nyumba itakuwa imemgharimu nini siku hatimiliki itakaporudi mikononi mwake bila rehani, na hiyo ndiyo hesabu ninayotaka tuifanye hapa bila haraka.

Tuchukue nyumba ya vyumba vitatu vya kulala yenye bei ya shilingi 6,250,000. Mnunuzi anatanguliza asilimia 20, yaani 1,250,000, na benki inamkopesha 5,000,000 kwa miaka 20, kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka inayotozwa juu ya salio linalopungua. Malipo ya kila mwezi ni 62,176. Ukizidisha kwa miezi 240 utapata 14,922,240, na ndani yake riba peke yake inakaribia milioni 9.92.

Wengi hufika hapo, wakashtuka, wakaifunga kalkuleta. Mimi naona kuna jambo zito kuliko hiyo jumla, nalo ni mwendo wa deni lenyewe. Katika mwezi wa kwanza, riba huchukua 58,333 na deni hupungua kwa 3,843 tu. Baada ya miaka mitano mkopaji amelipa zaidi ya 3,730,000, ilhali bado anadaiwa karibu 4,669,000. Baada ya miaka kumi salio ni takriban 4,004,000. Nusu ya deni haifikiwi mwaka wa kumi kama watu wanavyodhani, bali baada ya miaka 15 na nusu hivi. Kwa hiyo mtumishi anayehamishiwa Eldoret katika mwaka wa sita na kulazimika kuuza nyumba atagundua kwamba sehemu kubwa mno ya alichokuwa akilipa haikuwa tofauti na kodi ya pango, isipokuwa aliilipa benki badala ya mwenye nyumba, na paa likivuja aligharamia mwenyewe.

Ziko pia fedha zinazotoka mfukoni kabla hata funguo hazijakabidhiwa. Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba kwa ardhi ya mjini (ya mashambani ni asilimia 2), kwa hiyo hapa ni 250,000. Kusajili rehani kunatozwa asilimia 0.1 ya mkopo, yaani 5,000. Kisha kuna wakili wako, mthamini, ada ya benki ya kushughulikia mkopo, na wakili wa benki, ambaye kwa desturi hulipwa na mkopaji ingawa hamtetei mkopaji. Kwa hayo manne nimekadiria 280,000. Jumla ni 535,000 juu ya ile asilimia 20, na fedha hizi aghalabu hazimo katika mkopo.

Ongeza bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba dhidi ya moto, ambazo benki huzidai kila mwaka hadi deni liishe. Nimeziweka 30,000 kwa mwaka, ambazo ni 600,000 kwa miaka 20. Ongeza matengenezo ya asilimia 1 ya bei kila mwaka, ambayo ni 1,250,000 kwa muda huohuo. Hapo nyumba ya 6,250,000 imefika takriban 18,557,000, na sijahesabu ada ya ardhi ya kaunti wala mlinzi wa mtaa. Ningependa kusikia wenzangu mnasemaje, hasa mlio katikati ya safari hii.

#2. Mama Riat (Kisumu)

Ndugu Mhasibu, asante kwa kulifungua jambo hili. Mimi na mume wangu tuna mkopo wa namna hiyo, wa miaka 20, na tumemaliza mwaka wa pili. Benki yetu, ambayo sitaitaja, ilituandikia kwamba riba imepanda kwa asilimia moja lakini malipo yetu ya mwezi yatabaki yaleyale ili tusilemewe. Tuliipokea barua hiyo kwa furaha. Je, kuna jambo ambalo hatukuliona?

#3. Mhasibu wa Kiamunyi

Lipo, Mama Riat, na ni kubwa. Malipo yakibaki palepale huku riba ikipanda, kinachobadilika ni miaka. Tukitumia mfano wangu, baada ya miezi 24 salio ni karibu 4,894,000. Riba ikitoka 14 na kuwa 15, riba ya mwezi inakuwa 61,178, na katika malipo ya 62,176 kinachobaki cha kupunguza deni hakifiki hata shilingi elfu moja. Miezi 216 iliyokuwa imebaki inageuka kuwa takriban 333. Kwa maneno mengine, mliokuwa na miaka 18 mbele yenu sasa mna karibu 28, na hakuna aliyewaomba hata shilingi moja ya ziada, jambo ambalo ndilo linaloifanya barua ya aina hiyo ipokewe kwa furaha.

Riba ikifika 16, hali inakuwa mbaya zaidi: riba ya mwezi ni kama 65,257, ambayo inazidi malipo yenyewe. Deni linakua huku mkilipa kwa uaminifu kila mwezi. Ili mmalize kwa muda uleule wa awali, malipo yangelazimika kupanda hadi takriban 69,217. Kabla ya jambo lingine lolote, iandikieni benki, muitake iwape jedwali jipya la marejesho linaloonyesha tarehe ya malipo ya mwisho. Kama benki haina tarehe hiyo ya kuwaonyesha, mjue kwamba muda wenu umekwisha kurefushwa.

Asidhani mtu kwamba mabadiliko haya ni nadra. Riba ya Benki Kuu, yaani kiwango elekezi ambacho riba za benki nyingine hukifuata, ilianza mwaka 2011 ikiwa chini ya asilimia 6, na Desemba ya mwaka huohuo ilikuwa asilimia 18. Mikopo ya nyumba ikapita asilimia 20, na waliokopa wakiwa na mahesabu ya miezi michache iliyotangulia wakajikuta mahali pengine kabisa. Kati ya 2016 na Novemba 2019 tulikuwa na sheria iliyozuia riba isizidi ile ya Benki Kuu kwa zaidi ya pointi nne, kisha ikafutwa. Februari 2024 riba ya Benki Kuu ilifika asilimia 13, na kuanzia Agosti mwaka huo ikaanza kupunguzwa hatua kwa hatua. Mkopo wa miaka 20 utayapitia majira ya namna hiyo zaidi ya mara moja. Anayesaini leo kwa asilimia 14 anapaswa kujiuliza kama angeweza kulipa kwa asilimia 18, kwa sababu kuna uwezekano mkubwa kwamba ataulizwa swali hilo siku moja.

#4. Mwalimu wa Hesabu (Kibos, Kisumu)

Nimesoma kwa makini na hesabu zako ni sahihi, lakini nina pingamizi kuhusu jinsi unavyozijumlisha. Umechukua shilingi ya mwaka wa kwanza na shilingi ya mwaka wa ishirini ukaziweka katika kikapu kimoja kana kwamba zina thamani sawa. Benki Kuu yenyewe hulenga mfumuko wa bei wa asilimia 5, ikikubali upungue au uzidi kwa pointi mbili na nusu. Kwa mfumuko wa asilimia 5, malipo ya 62,176 ya mwezi wa mwisho yatakuwa na nguvu ya kununua vitu vya takriban 23,400 vya leo. Nikiyarudisha malipo yote 240 katika thamani ya shilingi ya leo, ninapata kama milioni 9.51, wala si 14.92.

Kwa hiyo gharama halisi ya kukopa milioni 5 ni kama milioni 4.5 za leo. Bado ni nyingi, sikatai, lakini si milioni 9.9. Isitoshe, mpangaji wa nyumba kama hiyo naye hulipa kodi ambayo mwenye nyumba huipandisha kila anapopata nafasi, na baada ya miaka 20 mpangaji hana hata dirisha. Ukimweleza mtu gharama za mkopo bila kumweleza gharama za kutokukopa, umempa nusu ya mizani.

#5. Mhasibu wa Kiamunyi

Mwalimu, pingamizi lako nalikubali, na tarakimu yako ya milioni 9.51 ni bora kuliko yangu kwa yeyote anayelinganisha kununua na kupanga. Nitaongeza hata jambo linalokusaidia: mwenye kuishi katika nyumba aliyoikopea anaruhusiwa kuondoa riba ya hadi shilingi 360,000 kwa mwaka katika mapato yanayotozwa kodi, kiwango ambacho kilipandishwa kutoka 300,000 mwishoni mwa Desemba 2024. Kwa anayekatwa kodi ya asilimia 30, huo ni unafuu wa 108,000 kwa mwaka. Katika mfano wetu riba ya mwaka inabaki juu ya kiwango hicho kwa takriban miaka 15, kwa hiyo jumla ya unafuu inafika karibu milioni 1.9. Cha kusikitisha ni kwamba unafuu huu hauji wenyewe. Lazima mwajiri wako au KRA (Mamlaka ya Mapato ya Kenya) wapewe cheti cha riba kutoka benki, na nimewaona wafanyakazi wenzangu wakiuacha upotee mwaka baada ya mwaka.

Lakini mfumuko wa bei humsaidia mkopaji ikiwa tu mshahara wake unaufuata. Mwalimu wa shule, muuguzi wa kaunti au karani wa mahakama anajua kwamba mshahara unaweza kukaa pale ulipo kwa miaka mingi huku unga ukipanda, na kwa mtu huyo 62,176 ya mwaka wa nane inauma zaidi kuliko ya mwaka wa kwanza. Pia, ile asilimia 14 tayari imebeba matarajio ya benki kuhusu mfumuko. Benki haitoi zawadi.

Kuhusu kupanga, tulinganishe kwa haki. Nyumba ya namna hiyo ikipangishwa kwa, tuseme, 30,000, tofauti na malipo ya benki ni zaidi ya 32,000 kila mwezi. Mpangaji anayeiweka tofauti hiyo katika Sacco au katika hati za dhamana za serikali kwa nidhamu anaweza kuwa na kitu kikubwa baada ya miaka 20. Mpangaji anayeila hana kitu. Hapo ndipo mkopo wa nyumba unaposhinda kwa watu wengi, na ushindi huo hauhusiani na hesabu: unamlazimisha mtu kuweka akiba. Mimi nausema wazi kwa sababu wauzaji wa nyumba hawausemi.

#6. Kijana wa Pipeline (Nakuru)

Naomba kuuliza kuhusu ile mikopo nafuu inayotajwa na serikali. Je, inabadilisha hesabu hii au ni maneno tu?

#7. Mhasibu wa Kiamunyi

Inabadilisha. Kampuni ya Kenya Mortgage Refinance Company, iliyoanzishwa mwaka 2018 na kupewa leseni na Benki Kuu mwaka 2020, haimkopeshi mwananchi moja kwa moja. Inazipa benki na Sacco fedha za muda mrefu ili nazo zikopeshe kwa riba isiyofika asilimia 10. Benki ya kawaida hukopesha kwa miaka 20 kwa kutumia amana ambazo wenyewe wanaweza kuzitoa wiki ijayo, na hofu hiyo ni sehemu ya riba unayolipa. Kwa asilimia 9.5, mkopo uleule wa milioni 5 kwa miaka 20 unalipwa 46,607 kwa mwezi na jumla yake ni 11,185,680. Ni pungufu kwa zaidi ya milioni 3.7. Kuna mipaka ya kipato na ya kiasi cha mkopo, nayo imebadilishwa zaidi ya mara moja, kwa hiyo uliza kiwango cha sasa. Uliza pia kama riba hiyo haitabadilika kwa muda wote, na ujibiwe kwa maandishi.

#8. Mzee wa Bahati

Vijana, mimi nilijenga polepole kwa mikopo ya Sacco, chumba baada ya chumba, na sidaiwi na mtu. Kwa nini mtu alipe nyumba tatu ili apate moja?

#9. Dada wa Migosi (Kisumu)

Mzee, shikamoo. Njia yako inawafaa wengi, hasa wenye kiwanja tayari, lakini nayo ina gharama zake ambazo haziandikwi popote. Anayejenga kwa miaka minane hulipa kodi ya pango kwa miaka hiyo minane, mawe na mabati hupanda bei kila anaporudi dukani, na fedha zilizolala katika kuta zisizo na paa hazizai chochote.

Ningependa pia kuwatahadharisha wanaokwenda Sacco au kwa wakopeshaji wadogo kwamba waulize riba inahesabiwa juu ya nini. Mkopo wa milioni moja kwa miaka mitano kwa asilimia 12 juu ya salio linalopungua unalipwa 22,244 kwa mwezi, na riba yote ni kama 334,700. Ikiwa asilimia 12 hiyohiyo inahesabiwa juu ya mkopo wote wa mwanzo hadi mwisho, malipo ni 26,667 na riba ni 600,000, jambo ambalo ni sawa na kutozwa zaidi ya asilimia 20 juu ya salio linalopungua. Tangazo linaonyesha asilimia 12 katika hali zote mbili.

#10. Wakili wa Kakamega

Nimefuatilia mjadala huu na ningependa kurekebisha dhana moja ninayokutana nayo mara kwa mara ofisini. Watu wengi huamini kwamba sheria inazuia riba kuzidi mkopo wa awali. Sivyo. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika mwaka 2007, kinahusu mkopo ambao umeacha kulipwa: kuanzia hapo, riba ambayo benki inaweza kudai haiwezi kuzidi salio la deni lilivyokuwa wakati mkopo ulipogeuka kuwa mbovu. Anayelipa vizuri hana kinga hiyo, na ndiyo maana katika mfano wa Ndugu Mhasibu riba ya milioni 9.9 juu ya mkopo wa milioni 5 ni halali kabisa.

Kwa Mama Riat, kifungu cha 84 cha Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 kinaitaka benki itoe notisi ya maandishi ya angalau siku 30 kabla ya kubadilisha riba ya mkopo uliowekewa rehani ya ardhi. Tazameni tarehe ya barua yenu na tarehe ambayo riba mpya ilianza kutozwa. Na kwa kuwa ni nyumba ya familia, rehani hiyo ilihitaji ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Nimeona ridhaa hizo zikisainiwa pamoja na karatasi nyingine nyingi bila kusomwa.

Mkopaji akishindwa kulipa kwa mwezi mmoja, benki inaweza kumpa notisi ya angalau miezi mitatu ili arekebishe, kisha notisi ya kuuza ya siku 40, na dalali naye hutoa siku 45 za kukomboa mali. Nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya thamani ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inaichukulia benki kuwa imekiuka wajibu wake hadi ithibitishe vinginevyo. Kinachosahaulika ni kwamba gharama za notisi, dalali na mawakili hurundikwa juu ya deni, na riba ya kuchelewa pia, kwa hiyo miezi hii ya kusubiri si ya bure. Anayeona dhiki ikija ni afadhali aiendee benki kabla ya mwezi wa kwanza kupita.

#11. Mama Riat

Asante, Wakili, na asante, Ndugu Mhasibu. Tumeitazama barua: notisi ilikuwa sahihi, lakini tarehe ya malipo ya mwisho haimo. Swali langu la mwisho ni hili. Tukijikaza tukaongeza kidogo kila mwezi, je, kuna tofauti ya maana, au ni tone baharini?

#12. Mhasibu wa Kiamunyi

Kuna tofauti kubwa kuliko mnavyotarajia, kwa sababu kila shilingi ya ziada inakwenda moja kwa moja kwenye deni lenyewe. Katika mfano wangu wa awali, mtu anayeongeza 5,000 kila mwezi tangu mwanzo anamaliza kwa takriban miezi 175 badala ya 240, na anaokoa zaidi ya milioni 3.1. Vilevile, aliyechukua miaka 15 badala ya 20 analipa 66,587 kwa mwezi, yaani 4,411 zaidi, na jumla yake inashuka kwa zaidi ya milioni 2.9. Ninawashauri wanaoanza wachukue muda mrefu ikiwa kipato si cha uhakika, kisha walipe kana kwamba walichukua muda mfupi, ili mwezi mgumu ukija wasivunje mkataba. Kwenu ninyi, kwa asilimia 15, hata 5,000 hiyo ingeongeza kiasi kinachopunguza deni kila mwezi kutoka karibu elfu moja hadi karibu elfu sita.

Kwanza someni mkataba muone kama kuna ada ya kulipa mapema. Pili, msitume fedha za ziada bila maelezo, kwa sababu baadhi ya benki huziweka kando kama malipo ya mwezi ujao, na hapo hazipunguzi riba ya leo. Andikeni barua moja inayosema kwamba kila kiasi kinachozidi malipo ya kawaida kipunguze salio la mkopo siku kinapopokelewa, na kwamba mnataka muda ufupishwe, wala si malipo ya mwezi yapunguzwe. Iwe na nambari ya akaunti ya mkopo na saini zenu wote wawili, mbaki na nakala iliyopigwa muhuri wa benki, na mwezi unaofuata mwombe taarifa ya akaunti mlinganishe salio.